Alama Juu ya Herufi: Hati za Mapambo na Lugha za Toni za Ngara na Biharamulo

Katika wilaya za Ngara na Biharamulo, mkoani Kagera, maandishi ya mapambo hutumika pale ambapo maneno ni machache na uzito wake ni mkubwa: majina ya bwana na bibi harusi kwenye kadi, jina la kwaya kwenye fulana, jina la duka juu ya mlango, kichwa cha kitabu cha nyimbo, sala fupi kwenye kioo cha nyuma cha basi. Mengi ya maandishi hayo siku hizi hayaandikwi kwa brashi ya fundi wa mabango, bali hutolewa kwenye kompyuta ya steshenari kwa kutumia fonti, yaani faili lenye maumbo ya herufi zote za mtindo mmoja, na fonti zinazopendwa zaidi kwa kazi hizo ni zile zinazoiga mwandiko wa kalamu ya wino au brashi, zenye herufi zilizoshikana, mikia mirefu na herufi kubwa zilizopindwapindwa. Kwa kuwa neno hati, kwa maana ya mwandiko, ni la zamani katika Kiswahili, fonti za namna hiyo zitaitwa hapa hati za mapambo.

Kiswahili hukaa vizuri ndani ya hati hizo, hata zile zilizobuniwa kwa ajili ya Kiingereza pekee, kwa sababu tahajia yake sanifu haihitaji alama yoyote juu wala chini ya herufi, ukiacha ritifaa katika ng' ya ng'ombe. Hali ni tofauti kwa lugha zinazosemwa majumbani katika wilaya hizi mbili. Kihangaza na Kishubi, pamoja na Kiha kinachosemwa na familia nyingi za Biharamulo, zimo katika kundi moja la lugha za Kibantu ambalo wataalamu wa uainishaji hulipa namba JD60, ambamo Kinyarwanda ni JD61, Kirundi JD62, Kishubi JD64, Kihangaza JD65 na Kiha JD66. Undugu huo unaelezwa na jiografia yenyewe, kwani Ngara inapakana na Rwanda kwenye maporomoko ya Rusumo, na pia na Burundi upande wa Kabanga, na sehemu yake ya Bugufi ilikuwa chini ya ufalme wa Burundi kabla ya mipaka ya kikoloni kuipeleka Tanganyika. Lugha zote za kundi hili ni lugha za toni, yaani lugha ambazo kupanda na kushuka kwa sauti katika silabi ni sehemu ya neno lenyewe, hivyo kwamba maneno mawili yenye konsonanti na irabu zilezile yanaweza kutofautiana maana kwa toni peke yake.

Mfano ulio wazi ni inzara, ambalo katika Kirundi na Kinyarwanda ni njaa na pia ni kucha za vidole. Kwa masikio ya mzaliwa wa lugha hizo hayo ni maneno mawili ambayo hayachanganyiki hata kidogo, lakini kwenye karatasi ni neno moja, kwa kuwa maandishi ya kila siku, kuanzia magazeti hadi Biblia, huchapwa bila alama za toni. Kiswahili, ambacho si lugha ya toni, kina kivuli chembamba cha jambo hili katika neno barabara, ambalo mkazo wake huhama kulingana na kama linatajwa kwa maana ya njia kuu au kwa maana ya sawasawa, na msomaji hulazimika kusubiri maneno yanayofuata kabla ya kujua alitamke vipi.

Kuacha alama za toni katika maandishi marefu ni uamuzi unaoweza kutetewa. Msomaji wa habari ya ukame hahitaji kuelezwa kwamba inzara iliyotajwa si kucha, na kuweka alama juu ya kila irabu humchosha anayeandika na kumpunguzia kasi anayesoma. Lakini hoja hiyo inategemea muktadha, nao muktadha ndio kitu ambacho maandishi ya mapambo hayana. Neno moja juu ya jalada la kitabu, jina la kikundi kwenye bango, kichwa cha wimbo kwenye programu ya tamasha, jina la ukoo kwenye jiwe la kaburi: hayo yote husimama peke yake, bila sentensi ya kuyaongoza, na mara nyingi husomwa na mgeni, au na kijana aliyelelewa Mwanza au Dar es Salaam ambaye lugha ya babu yake anaijua nusunusu. Ikiwa kuna mahali ambapo alama ya toni ina faida kubwa kuliko gharama yake, basi ni hapo, katika herufi kubwa na chache zilizochorwa kwa uangalifu. Kwa bahati mbaya hapo ndipo alama hiyo isipowezekana kuandikwa, kwa sababu fonti nyingi za mapambo hazina maumbo yake.

Kinachotokea mtu anapojaribu kinajulikana kwa kila aliyewahi kuketi mbele ya kompyuta ya steshenari. Fonti inapokosa herufi iliyoombwa, programu huazima umbo hilo kutoka fonti nyingine iliyomo kwenye mashine, hivyo kwamba katikati ya neno lililoandikwa kwa mwandiko wa brashi hutokea irabu moja iliyonyooka kama ya gazeti, imekatwa kutoka kwa jirani zake, nyembamba au nene kuliko zilizobaki. Wakati mwingine hutokea kisanduku kitupu. Fundi mwenye haraka huondoa alama na kuendelea, na mteja hukubali, na baada ya muda watu huzoea kuamini kwamba lugha yao haiwezi kupambwa.

Kabla ya kuzungumzia dawa inafaa kujua ni alama zipi hasa zinazohitajika, kwa maana desturi si moja. Katika shule za Rwanda, ambako toni hufundishwa kwa jina la amasaku, toni ya juu huwekewa kofia ndogo iitwayo agatemeri, kama katika â, ê, î, ô na û, na toni ya chini huachwa bila alama, huku irabu ndefu ikiandikwa mara mbili. Wanaisimu wa Ulaya walifuata njia yao. A. E. Meeussen, aliyechapisha sarufi yake ya Kirundi mwaka 1959, alitumia alama za mkato kuonyesha toni, na Lotta Harjula, katika kitabu chake cha mwaka 2004 kuhusu Kiha cha Tanzania, alilazimika pia kushughulikia toni kama sehemu ya msingi ya sarufi. Katika desturi ya kitaalamu iliyoenea zaidi, mkato unaoinuka kuelekea kulia, kama katika á, ni toni ya juu; unaoshuka, kama katika à, ni toni ya chini; kofia, kama katika â, ni toni inayoshuka ndani ya silabi moja; na kofia iliyopinduliwa, kama katika ǎ, ni toni inayopanda. Alama nne juu ya irabu tano ni maumbo 20, na yakiongezwa ya herufi kubwa ni 40. Hiyo ndiyo hesabu nzima ambayo mbunifu wa fonti angepaswa kuijaza ili Kihangaza, Kishubi, Kiha, Kirundi na Kinyarwanda viweze kuandikwa kwa toni katika mwandiko wa mapambo, iwe kwa desturi ya shule za Rwanda au kwa ile ya wanaisimu.

Ikilinganishwa na hesabu ya Kivietinamu, 40 ni idadi ndogo. Kivietinamu nacho ni lugha ya toni, na kina toni sita katika lahaja ya kaskazini, lakini tofauti na lugha za Maziwa Makuu, kilipoandikwa kwa herufi za Kirumi toni zake ziliandikwa tangu mwanzo. Wamisionari Wajesuiti kutoka Ureno waliofika huko katika karne ya 17, wakiwemo Francisco de Pina, Gaspar do Amaral na António Barbosa, walitambua kwamba bila toni hawangeeleweka hata kidogo, na kazi yao ilikusanywa na Alexandre de Rhodes katika kamusi ya Kivietinamu, Kireno na Kilatini iliyochapwa Roma mwaka 1651. Maandishi hayo, yaitwayo quốc ngữ, yalikaa kwa muda mrefu katika makanisa peke yake, hadi utawala wa Ufaransa na baadaye wanaharakati wa elimu wa Kivietinamu wenyewe walipoyaeneza. Mtihani wa mwisho wa kifalme uliotegemea maandishi ya Kichina ulifanyika mjini Huế mwaka 1919.

Muundo wa quốc ngữ ni wa ngazi mbili. Irabu ni 12 kwa maandishi: a, ă, â, e, ê, i, o, ô, ơ, u, ư na y, na baadhi yake tayari zina alama inayoonyesha aina ya irabu, si toni. Juu au chini ya kila moja kati ya hizo 12 huweza kuwekwa mojawapo ya alama tano za toni, na toni ya sita huachwa wazi. Ukiongeza đ, na ukihesabu herufi kubwa na ndogo, maumbo yanayozidi alfabeti ya kawaida ya Kirumi hufika 134. Katika ấ, kwa mfano, kuna a, kofia, na mkato juu ya kofia, vitatu kwa pamoja katika nafasi ambayo mbunifu wa London au Chicago aliitengea kimoja.

Wavietinamu hawakuuacha mwandiko huu nje ya sanaa. Kaligrafia, yaani sanaa ya kuandika kwa uzuri, ambayo mababu zao waliifanya kwa brashi na maandishi ya Kichina, ilihamia kwenye quốc ngữ na kuitwa thư pháp, na wakati wa mwaka mpya wa Tết waandishi huketi nje, kwa mfano kwenye Hekalu la Fasihi mjini Hanoi, wakiwaandikia watu neno moja la baraka kwenye karatasi nyekundu. Hapa pana jambo la kuzingatiwa na fundi wa Ngara: katika mikono ya waandishi hao alama ya toni haikandamizwi ijifiche, bali hupewa pigo lake la brashi, wakati mwingine kubwa kuliko irabu inayoibeba, na neno zima hupangwa kwa kuzingatia mahali alama itakapoangukia. Alama ni kiungo cha neno, nayo hupambwa kama viungo vingine.

Kompyuta zilipofika, Wavietinamu walipita katika vurugu ambayo wengine wanaweza kuiepuka kwa kujifunza kwao. Kulikuwa na mifumo kadhaa ya usimbaji, yaani kanuni za kuipa kila herufi namba ndani ya kompyuta, na mifumo hiyo haikuelewana. Katika mfumo wa TCVN3 nafasi hazikutosha, hivyo fonti kama .VnTime ilikuwa na herufi ndogo zenye alama, na herufi kubwa zikawekwa katika fonti ya pili iliyoitwa .VnTimeH. Katika mfumo wa VNI alama iliandikwa kama namba ya pili baada ya irabu, na umbo lake lilikaa palepale bila kujali irabu ilikuwa nyembamba au pana. Waraka ulioandikwa kwa mfumo mmoja ulionekana kama upuuzi ukifunguliwa kwa mwingine. Vurugu hiyo ilipoa baada ya kuenea kwa Yunikodi, kanuni ya kimataifa inayoipa kila herufi ya kila lugha namba yake isiyobadilika, ambayo ilitenga nafasi 90 mfululizo kwa ajili ya herufi za Kivietinamu zisizopatikana kwingine. Tangu hapo kazi kubwa ya wapenzi wa fonti nchini humo imekuwa kuzichukua hati za mapambo za Ulaya na Marekani na kuzichorea herufi zinazokosekana, kazi wanayoiita việt hóa, yaani kuifanya fonti iwe ya Kivietinamu.

Faida ya kazi hiyo imevuka mipaka ya Vietnam bila wengi wa Afrika Mashariki kuitambua. Herufi ĩ na ũ, ambazo Kivietinamu huzitumia kwa toni iitwayo ngã, ndizo hizohizo ambazo Kigĩkũyũ, Kikamba na Kimeru huzitumia kutofautisha irabu zao saba. Jina la Ngũgĩ wa Thiong'o, ambaye mwaka 1980 alichapisha riwaya yake ya Kigĩkũyũ Caitaani Mũtharaba-inĩ, lina ũ, ĩ na ritifaa, vitu vitatu ambavyo fonti duni za mapambo huvikosa au huvikosea. Fonti iliyokwisha kuandaliwa kwa ajili ya Kivietinamu huziandika herufi zote mbili bila shida. Miongoni mwa hati za mwandiko zinazotolewa bure na zilizokwisha kuandaliwa hivyo zimo Dancing Script na Lobster za Pablo Impallari, Pacifico ya Vernon Adams, na Great Vibes ya Robert Leuschke, ambazo zote zinapatikana katika maktaba ya Google Fonts.

Kwa lugha za Ngara na Biharamulo urithi huo ni mkubwa ingawa haukamiliki. Kivietinamu kina á, é, í, ó, ú pamoja na à, è, ì, ò, ù, hivyo toni ya juu na ya chini zimo zote. Kina â, ê na ô, lakini hakina î wala û, kwa sababu katika lugha hiyo kofia ni alama ya aina ya irabu na haiwekwi juu ya i na u. Mbili hizo hupatikana kwa kupitia Kifaransa, na fonti nyingi za Ulaya zinazo. Kinachobaki ni kofia iliyopinduliwa, ǎ, ě, ǐ, ǒ na ǔ, ambayo ě yake hupatikana katika fonti zinazohudumia Kicheki na nyingine nne katika zile zinazoandika Kichina kwa herufi za Kirumi. Kwa hiyo fundi anayetaka kuandika kwa desturi ya shule za Rwanda huenda asihitaji kuchora chochote, ila kuchagua fonti kwa uangalifu, na anayetaka desturi ya wanaisimu anahitaji kuongeza maumbo manne au matano, makubwa na madogo. Kazi ya namna hiyo inawezekana kwa programu ya bure kama FontForge, kwenye kompyuta ya kawaida, bila kuagiza kitu chochote kutoka nje.

Kuchora maumbo hayo ndiko kunakotaka akili na jicho. Kosa la kwanza ambalo kila anayeanza hulifanya ni kuchukua mkato kutoka fonti nyingine na kuubandika juu ya irabu. Katika hati ya mapambo kila mstari una unene unaobadilika, mnene kalamu inaposhuka na mwembamba inapopanda, na alama isiyo na mabadiliko hayo hutambulika mara moja kuwa ni ya kubandikwa. Mkato wa á unapaswa kuonekana umetoka kwenye ncha ileile ya kalamu iliyoandika a, ukiwa mzito mwisho wake wa juu na kuchongoka kuelekea chini, au kinyume chake ikiwa brashi ndivyo inavyotembea. Jambo la pili ni mwinamo. Hati nyingi za mapambo huinama kulia, na alama iliyowekwa wima juu ya katikati ya irabu huonekana imeanguka nyuma. Inabidi isogezwe mbele kufuata mwinamo huo, hadi ikae pale ambapo mhimili wa irabu ungefika kama ungeendelezwa juu. Mbunifu Donny Trương, katika kitabu chake cha mtandaoni Vietnamese Typography kilichotoka mwaka 2015, ameonyesha jinsi wasomaji wa Kivietinamu wanavyopima mambo hayo, na jinsi alama dhaifu au ndogo mno inavyowachosha kwa sababu wanaisoma kama sehemu ya neno.

Herufi i huleta matatizo yake. Nukta yake lazima iondoke ili alama ipate mahali, na fonti nzuri huwa na i isiyo na nukta iliyowekwa kwa kazi hiyo. Katika fonti za harusi, ambako nukta ya i mara nyingi hugeuzwa kuwa moyo mdogo au ua, mbunifu anapaswa kuamua ikiwa pambo hilo lipotee kabisa katika í na î, na jibu sahihi kwa kawaida ni kwamba lipotee, kwa kuwa mkato na ua haviwezi kuishi juu ya mstari mmoja mwembamba. Hali ni ngumu zaidi herufi ndefu inaposimama jirani. Lugha za kundi hili zimejaa konsonanti zenye shingo ndefu, b, h, k na nyinginezo, na katika hati za kuunganishwa shingo hizo huwa na kitanzi kinachoinama kulia, juu kabisa ya irabu inayofuata. Katika silabi bá au hô kitanzi na alama hugombea nafasi ileile. Wavietinamu walikutana na jambo hili katika kila ukurasa, kwa sababu h, k na b ni za kawaida kwao pia, na njia zao ni tatu: kufupisha kitanzi katika fonti nzima, kuandaa umbo la pili la h lisilo na kitanzi ambalo programu hulichagua yenyewe irabu yenye alama inapofuata, au kuishusha alama ikaribie irabu. Njia ya pili ndiyo bora, kwa sababu inaacha uzuri wa kitanzi pale ambapo hakuna kinachokizuia, lakini inataka kazi zaidi.

Herufi kubwa hustahili tahadhari yake. Katika Kirundi na ndugu zake nomino nyingi huanza kwa irabu, kama inzara yenyewe, hivyo I, U na A za mwanzo hutokea mara nyingi katika vichwa vya habari na majina ya vitabu, nazo ndizo ambazo mbunifu wa mapambo huzipa mikia mingi zaidi. Alama juu ya herufi kama hiyo hupanda hadi kugonga mstari ulio juu yake, na programu nyingi hukata sehemu ya alama inayovuka kimo kilichotajwa ndani ya faili la fonti, kwa hiyo namba za kimo hicho lazima ziongezwe pamoja na michoro. Fundi wa bango naye anapaswa kuongeza nafasi kati ya mstari na mstari kuliko alivyozoea kwa Kiswahili. Kuandika neno lote kwa herufi kubwa za mapambo ni tabia mbaya hata kwa Kiswahili, kwani herufi hizo zilibuniwa zitangulie na si zifuatane, na katika neno lenye toni huwa ni uharibifu mtupu.

Kuna pia upande usioonekana wa kazi hii. Kompyuta inaweza kuihifadhi á kama herufi moja yenye namba yake, au kama a ikifuatiwa na alama ya mkato iliyo na namba yake pekee, na kwa jicho la msomaji njia zote mbili zapaswa kutoa umbo lilelile. Ili njia ya pili ifanye kazi fonti inahitaji nanga, yaani nukta zisizoonekana zilizowekwa juu ya kila irabu na chini ya kila alama, ambazo programu huzikutanisha alama inapoandikwa. Fonti yenye nanga nzuri haizuiliwi na orodha ya maumbo 40. Inaweza kubeba alama juu ya m au n pale ambapo mwanaisimu anataka kuonyesha toni ya nazali, na inaweza kubeba desturi ambayo wazee wa Bugufi na walimu wa Biharamulo bado hawajaichagua. Kwa lugha ambazo tahajia yake ya toni haijafungwa, nanga zina thamani zaidi kuliko maumbo yaliyokwisha kuchorwa.

Afrika Mashariki si mgeni wa maandishi yanayobeba alama juu na chini. Kwa karne nyingi Kiswahili cha pwani kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu, ambamo irabu huonyeshwa kwa alama ndogo nje ya mstari, na Mwalimu Sikujua wa Mombasa, aliyefariki mwaka 1890, alizirekebisha herufi hizo ili zibebe sauti za Kiswahili ambazo Kiarabu hakina. Waandishi wa hati za Kiarabu wana desturi ya kuchora alama hizo kwa kalamu nyembamba kuliko ile ya herufi, ili zijaze nafasi tupu bila kuupita nguvu mstari mkuu. Mpangilio huo wa kalamu mbili unafaa kujaribiwa katika hati nzito za brashi, ambamo alama yenye unene uleule wa herufi hufanya neno lionekane limejaa masizi.

Ritifaa nayo isisahauliwe, ingawa ni jambo dogo kwa kulinganisha. Kirundi na Kinyarwanda huitumia kila irabu inapomezwa kati ya maneno mawili, na Kiswahili huitumia katika ng'. Katika hati nyingi za mapambo ritifaa imechorwa kama alama ya kufungia nukuu, kubwa na yenye nafasi pana pande zote, hivyo huvunja mshikamano wa herufi na kulifanya neno ng'ombe lisomeke kama maneno mawili. Kupunguza nafasi zake ni kazi ya dakika chache kwa mwenye faili la fonti mkononi, na ingewafaa wasomaji wa Kiswahili wote.

Sera ya Utamaduni ya Tanzania ya mwaka 1997 iliwahimiza watu binafsi na taasisi kuandika na kuhifadhi lugha za jamii, na wasomi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam wameitikia kwa kamusi na misamiati, ikiwemo kazi ya Josephat Rugemalira kuhusu Runyambo ya mwaka 2002 na ya Henry Muzale kuhusu Ruhaya ya mwaka 2006, lugha mbili za mkoa huohuo wa Kagera. Vitabu hivyo hutegemea fonti za kusomea, na kwa upande huo mahitaji yametoshelezwa vizuri. Shirika la SIL limetoa bure Charis, Gentium na Doulos, ambazo zina nanga na karibu kila alama inayojulikana, na pia Andika, fonti ya wanaoanza kusoma ambayo jina lake limetolewa katika Kiswahili. Pengo liko kwenye hati za mapambo, kwa sababu mashirika ya elimu huziona kama anasa, ilhali ndizo zinazobeba maandishi ambayo watu huyalipia kwa hiari na kuyatunza ukutani.

Fundi wa steshenari anayetaka kuanza anapaswa kutazama leseni kwanza. Fonti nyingi za kibiashara haziruhusu kubadilishwa, hata kwa nia njema, lakini zile zilizotolewa kwa Leseni ya Fonti Huria ya SIL, ambayo toleo lake la 1.1 ni la mwaka 2007, zinaruhusu yeyote kuzifungua, kuziongezea herufi, kuzitumia katika kazi za malipo na kuzigawa upya. Sharti ni kwamba fonti mpya ibaki chini ya leseni hiyohiyo, na kwamba isiuzwe peke yake kama fonti. Na pale ambapo mwenye fonti ya awali amejihifadhia jina lake, leseni inamtaka aliyeibadilisha aipe jina lingine, kwa hiyo hati ya mapambo itakayoongezwa î, û na kofia zilizopinduliwa kwa ajili ya Kihangaza na Kishubi inaweza kuingia katika orodha ya fonti za dunia ikiitwa Rusumo, au Ruvubu kama mto, au jina lolote ambalo watu wa huko wataona linaifaa.